Naviela Wanne

Nianze na miguu, kwa sababu ndiyo iliyokuwa ikinisema siku hiyo. Mimi ni dobi wa hoteli. Watu wakisikia hoteli wanadhani nanukia marashi, kumbe nanukia sabuni ya unga na mvuke. Kutwa nasimama mbele ya mashine ya kunyooshea mashuka, mwenzangu upande ule, mimi upande huu, tunalivuta shuka kama ndugu wanaogombea urithi. Likitoka linakunjwa, linawekwa juu ya mwenzake, linaletwa lingine. Mashuka hayaishi. Watu wanalala sana duniani, nawaambia, isipokuwa mimi.

Siku hiyo niliomba ruhusa nitoke mapema, maana chekechea ya binti yangu ilikuwa inafunga muhula na wazazi tulitakiwa tufike. Msimamizi aliniruhusu kwa uso wa mtu anayeng'olewa jino. Nikampitia baba yangu nyumbani, ninaishi naye, tukaenda wote, na njia nzima hatukusemezana. Msidhani tuligombana asubuhi. Tuligombana mtoto alipozaliwa, sasa ana miaka minne, na ugomvi bado ulikuwa haujaisha.

Ugomvi wenyewe ni jina.

Mama yangu aliugua muda mrefu kabla hajafa, na mimi ndiye niliyemuuguza. Baba alikuwa fundi wa jenereta, leo yuko huku, kesho yuko kule, akirudi anamkuta mkewe ameoshwa, amechanwa nywele, amelala. Hakuyaona yaliyokuwa yakitokea katikati. Mama alianza kusahau vitu, akasahau watu, akanisahau na mimi niliyekuwa namlisha. Nesi aliyekuwa akija nyumbani akanifundisha: mwite kwa jina lake, usimwite mama, jina ndilo linalowarudisha. Mtoto hamwiti mzazi wake kwa jina jamani, mdomo wangu ulikuwa mzito. Lakini niliona kweli likimrudisha. Namwita, anageuza shingo, ananitazama, wakati mwingine anaitika, "Abee," kama msichana mdogo. Basi nikawa namwita nikimlisha, nikimgeuza, nikimbadilisha nguo. Asubuhi ya mwisho nilimwita mpaka sauti ikanikauka. Hakugeuka.

Tangu hapo jina hilo silitaji. Hata hapa sitalitaja, mtanisamehe.

Mwaka uliofuata nikajifungua mtoto wa kike. Baba akaja hospitali amevaa koti lake la harusini, akamfunua mtoto usoni, akacheka peke yake. "Karibu, mke wangu," akamwambia, maana ndivyo babu wanavyowatania wajukuu. Halafu akamwita kwa jina la mama. Hakuuliza. Kwake lilikuwa jambo lililokwisha, kama mtu anavyorudisha kofia kwenye msumari wake.

Nikasema, "Hapana, Baba. Nimeshampa jina."

"Jina gani?"

Nilikuwa sijampa jina lolote. Nikamwambia nitamwambia kesho, mtoto analia, na alipotoka nikachukua simu, nikatafuta majina ya kisasa ya watoto wa kike. Yako mengi, yamepangwa na maua pembeni. Nikafika kwenye Naviela. Ukurasa mmoja ulisema maana yake ni alfajiri tulivu. Wa pili ukasema ni mto usiokauka, asili yake kisiwa fulani mbali. Wa tatu ulikuwa mkweli: maana haijulikani, asili haijulikani, linaelekea kuwa limebuniwa tu siku hizi kwa sababu linasikika vizuri. Huo wa tatu ndio ulionikamata. Nilitaka jina lisilotoka kwa mtu yeyote, ambalo halijawahi kuitwa juu ya kitanda cha mgonjwa.

Kesho yake nikamwambia Baba. Akalitafuna kidogo mdomoni.

"Na-vi-e-la. Maana yake nini?"

"Alfajiri tulivu."

"Kwa lugha gani?"

"Ya huko."

"Huko wapi?"

"Baba, mtoto amelala."

"Wahenga walisema jina jema hung'ara gizani," akasema akivaa kofia. "Hili lako litang'aa na nini? Halina hata betri."

Akatoka, na tangu siku ile hakulitia mdomoni. Kila mtu mtaani ananiita Mama Naviela, yeye ananiita Mama Mtoto. Mtoto mwenyewe anamwita Mke Wangu. Ningeweza kumweleza. Mara ngapi nilifungua mdomo? Lakini unaanzaje kumwambia mzee aliyefiwa kwamba jina la mkewe linakutia kichefuchefu? Nikanyamaza. Akanyamaza. Nyumba ikawa kimya kama maji mtungini, na katikati yetu mtoto anakimbia na kijiko.

Na hilo jina langu jipya, nililodhani halijaguswa na mtu? Thubutu! Siku ya kwanza ya kliniki nesi aliita, "Naviela!" tukasimama wanawake watatu, tukatazamana kama watu waliovaa kitambaa kimoja harusini. Nilidhani nimechimba kisima, kumbe nimejipanga bombani. Mmoja akasema amelitoa kwenye tamthilia, yule bibi harusi aliyekimbia. Wa pili akasema yeye ameota. Mimi nikasema nimelisoma. Kila mmoja alikuwa na maana yake na kila mmoja alituona sisi wengine tumemwiga.

Halafu ikaja siku ya vigae. Hoteli ilikuwa inakarabati mabafu, makasha yamejaa ukumbini, na mwenzangu wa kazini, tunamwita Bi Pasi, akaja mbio. "Mama Naviela, njoo umwone mwanao!" Nikaenda. Kwenye kasha, kwa herufi kubwa: NAVIELA, vigae vya bafuni, rangi ya maziwa. Bi Pasi alicheka mpaka akashika ukuta. Na mimi nikacheka, ila nilipokaa chini kula nikaona sina hamu ya chakula. Nikamwomba asimwambie Baba wakikutana. Akaapa hatasema, na kwa hilo nitamshukuru mpaka kufa.

Chekechea nako wakawa Naviela wanne darasa moja. Mwalimu, msichana mwenye subira kuliko mimi, akawagawia majina ya ziada ili asichanganyikiwe. Kuna Naviela Mrefu. Kuna Naviela Pacha, ana kaka yake wamezaliwa pamoja. Kuna Naviela Wa Kona, wanakaa nyumba ya kona. Na wangu ni Naviela Kimya. Nilipouliza kwa nini Kimya, wakati nyumbani anaongea mpaka usingizini, mwalimu akasema, "Mama, huyu ukimwita haitiki. Mpaka nimshike bega."

Nikasema labda ni masikio. Nikampeleka kupimwa. Masikio mazima kabisa. Nikaona ni deko, nikaliacha hapo, maana kuna siku mtu anakuwa hana nguvu ya kushangaa.

Sasa turudi kwenye sherehe yenyewe. Uwanja wa chekechea ni mdogo, umezungukwa na ukuta, na siku hiyo wazazi walijaa mpaka kwenye ngazi za darasa. Mbele wamejenga jukwaa la mbao, limefunikwa kitambaa cha bluu mpaka chini. Nyuma ya madarasa, hili niliambiwa na mama mmoja aliyeketi karibu yangu, walikuwa wanachimba shimo la choo kipya, refu, wamelizungushia mbao tu. "Na watoto hawa walivyo," akasema. Nikaitikia kwa kichwa. Miguu ilikuwa inawaka na nilikuwa nimevua kiatu kimoja.

Watoto wakaimba, wakasahau, wakaimba tena. Halafu zikaja zawadi. Mwalimu akashika boksi la rangi limefungwa utepe, akasema, "Zawadi ya mchoro bora wa muhula! Naviela!"

Binti yangu akasimama. Nilimwona vizuri. Alisimama taratibu, akaangalia nyuma, akaangalia huku na huku, kama mtu asiyeamini, na ndiyo kwanza nimwone akiitika jina lile bila kushikwa bega. Akatembea mpaka kwenye ngazi ya jukwaa, mikono ameitanguliza mbele.

"Si wewe, mama," mwalimu akamwambia kwa upole. "Ni mwenzio. Naviela Mrefu, njoo."

Watu wakacheka. Kicheko hakikuwa kibaya, ni kile cha sherehe. Naviela Mrefu akapanda kwa kuruka, akachukua boksi, makofi yakalia. Mimi nikawa nainama natafuta kiatu changu nimwendee, na kiatu kimesukumwa chini ya benchi la mbele. Nilipoinuka, hayupo.

Mwanzoni sikuogopa. Nikaangalia kwenye mkeka wa darasa lake, nikaangalia chooni, nikaangalia getini. Geti lilikuwa wazi, kuna gari la mtu linaingia. Nikamuuliza mlinzi kama kuna mtoto ametoka. Akasema, "Watoto wote hawa, mama, nitajuaje?" Hapo ndipo nilipoogopa. Barabara ile, na kule nyuma shimo.

Nikaita. "Naviela!"

Vichwa vitatu vikageuka. Pacha akaja mbio akidhani nampa kitu. Wa Kona akainua mkono. Mrefu akaniuliza toka jukwaani, "Mimi?" na boksi lake kifuani. Nikaita tena, kwa nguvu zote, na mama zao nao wakaanza kuwaita wa kwao wawe karibu, kwa sababu habari ya mtoto kupotea inakimbia kuliko mtoto mwenyewe. Naviela! Naviela! Naviela! Uwanja mzima unaita jina nililolitafuta liwe la mtu mmoja. Wanaitika wote, wangu haitiki.

Nikakimbia nyuma ya madarasa, nimevaa kiatu kimoja. Ubao mmoja wa kizuizi ulikuwa umeanguka. Nikalala kifudifudi ukingoni, nikachungulia, nikaita humo ndani. Palikuwa na giza na maji kidogo chini, na sauti yangu ikanirudia. Nilijua kabisa hali ile. Nilishawahi kuita hivyo, mpaka koo likawaka, na mtu asigeuke. Nikasema moyoni, Mungu wangu, usinirudishe pale.

Ndipo nikamsikia Baba.

Alikuwa amesimama katikati ya uwanja, mkongojo mkononi, kofia ameivua. Sauti ya mzee aliyezoea kuzishinda jenereta. Hakuita Naviela, wala hakuita Mke Wangu. Aliita jina la mama yangu. Likapita juu ya vichwa vya watu wote, likanifuata mpaka huko nyuma nilikolala. Akaliita mara ya pili, kwa kuvuta, vilevile alivyokuwa akimwita mama kutoka mlangoni zamani akirudi safari.

"Abee, Babu!"

Kitambaa cha bluu kikafunuka. Binti yangu akatoka chini ya jukwaa kwa magoti, vumbi nywele nzima, utandu wa buibui shavuni. Akaenda moja kwa moja kwa babu yake, akamshika suruali.

Mimi nikafika nikihema. Nikamkumbatia, nikamkagua mikono, nikamkagua kichwa, halafu nikamfokea, kama mama wote.

"Nimekuita! Hukusikia nakuita?"

"Nilisikia," akasema.

"Sasa mbona hukuitika?"

Akanishangaa, kama mimi ndiye nisiyeelewa. "Mwalimu alisema si mimi. Ni mwenzangu."

Nikamtazama Baba. Naye akaanza kuivaa kofia yake, polepole mno, anatafuta mbele ni wapi.

"Tangu lini?" nikamuuliza.

"Mama Mtoto, watu wanatutazama."

"Tangu lini, Baba?"

"Tangu anatambaa. Wewe ukiwa kazini. Ni mimi na yeye tu, tulikubaliana tusikuudhi."

Nilikasirika, sifichi. Kutwa nzima navuta mashuka ya watu, nikidhani mwanangu yuko nyumbani anakuwa Naviela, kumbe kuna mtu anamlea awe mtu mwingine, tena mtu huyo huyo niliyekuwa namkwepa. Na hapo hapo nilitaka kumbusu mikono yule mzee, kwa sababu bila yeye ningekuwa bado nimelala kwenye ule ukingo. Mambo mawili yakakaa kooni kwa pamoja, hakuna lililotaka kupisha. Mama Naviela Pacha akaniletea kiatu changu. Nikavaa, tukaenda nyumbani.

Nyumbani nilichemsha maji, nikatia chumvi kwenye beseni, nikaketi nikaloweka miguu. Baba alikaa kwenye kiti chake, mtoto chumbani anacheza na vifuniko vya sufuria. Nilikuwa nimechoka kiasi kwamba hata kununa kulinishinda. Labda ndiyo sababu nilisema. Mtu akiwa na nguvu anaweza kuficha mambo.

"Baba, unajua kwa nini nilikataa?"

"Usasa," akasema. "Mambo ya simu."

Nikamwambia. Nikamwambia habari ya nesi, na ya kumwita, na jinsi alivyokuwa akigeuza shingo. Nikamwambia na ile asubuhi. Nilimwambia nikitazama beseni.

Halafu akauliza, taratibu, "Hakugeuka?"

"Hakugeuka."

"Mimi nilikuwa njiani," akasema. "Uliponipigia simu nikapata lori. Njia nzima naliita jina lake, dereva akadhani nimerukwa na akili. Nafika, mmeshamfunika." Akapangusa mdomo kwa kiganja. "Sasa huyu mdogo, siku moja nikamwita, utani tu. Akageuka. Akacheka. Nikaona kama nimewahi."

Maji ya beseni yalikuwa yameanza kupoa. Nilitaka kumwambia pole na sikumwambia, nikakunja tu taulo. Miaka minne tumeishi nyumba moja, kila mtu anabeba ncha yake ya shuka, na hatukuwahi kukutanisha ncha hizo hata mara moja.

"Nitaacha," akasema. "Ni haki yako, wewe ndiye mama. Kuanzia leo nitamwita jina lake." Akakohoa, akakaa sawa, akageukia chumbani. "Naviela!"

Lilimtoka vibaya, kama mtu anayejaribu meno mapya. Vifuniko vya sufuria viliendelea kugongana huko chumbani. Akajaribu tena, kwa nguvu zaidi. "Naviela, mama, njoo!"

Kimya. Anadhani ni mwenzake.

Baba akanitazama. Uso wake haukuwa na ushindi hata chembe, ulikuwa na uchovu kama wangu. Nikatoa miguu kwenye beseni. Maji ya mtoto ya kuoga yalikuwa tayari, naye bado ana vumbi la jukwaa kichwani, na mtu lazima aitwe akaoge. Nikamgeuzia mgongo Baba, nikashika mlango wa jikoni. Mdomo ulikuwa mzito vilevile kama siku ile ya kwanza. Nikavuta pumzi, nikamwita mwanangu kwa jina la mama yangu.

"Abee!" akaitika mara moja, na nikazisikia nyayo zake zinakuja mbio.

Nikageuka. Baba alikuwa ameinuka nusu kwenye kiti, mkono mmoja umeshika meza, uso ameuelekeza kwenye mlango wa chumba, anasubiri nani atatokea.

"Keti tu, Baba," nikamwambia. "Ni mtoto."